Kurithishana Biashara za Kifamilia Mjini Bukavu: Duka, Parseli na Sheria

Iko lawama moja ambayo husikika kila panapozungumzwa biashara za Waafrika katika nchi za maziwa makuu, nayo ni kwamba duka hufa pamoja na mwenyewe. Husemwa kwamba watoto hupenda kula kuliko kuchuma, na kwamba ndugu wa marehemu huanza kuhesabu magunia kabla matanga hayajaondolewa. Lawama hii ina ukweli wake, na mkazi wa Bukavu hatakosa mfano wa kuitetea. Hata hivyo, kama maelezo ya kihistoria haitoshi, kwa kuwa huichukua tabia ya watu kuwa ndiyo sababu, ilhali tabia hiyo yenyewe inahitaji kuelezwa. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba mjini Bukavu kitu kilichopokezanwa baina ya baba na mwana, kwa muda mrefu wa karne ya 20, kilikuwa kiwanja, yaani ile parseli kama wenyeji wanavyoiita, wala si biashara iliyoendeshwa juu yake. Na kwamba hali hiyo ilijengwa hatua kwa hatua na sheria na siasa, hadi ikawa busara ya kawaida ya wazazi.

Yafaa kwanza kuuliza ni kitu gani hasa kinachokabidhiwa pale biashara inapokabidhiwa. Shehena iliyo rafuni ndiyo sehemu ndogo kuliko zote, maana huisha katika miezi michache. Kinachobaki ni imani ya muuza jumla anayekubali kutoa mali leo na kulipwa mwezi ujao. Ni kujua mteja yupi hulipa na yupi husahau. Ni jina, ni daftari, na ni uzoefu wa njia ambamo bidhaa hupita. Mambo hayo hayaandikwi katika hati yoyote. Mrithi huyapata kwa kukaa nyuma ya meza ya duka miaka mingi pamoja na yule atakayemrithi, akitumwa na kukosolewa, hadi siku ambayo wateja na wadai wanamzoea. Kwa hiyo biashara inahitaji muda usiokatizwa. Kiwanja hakihitaji muda huo. Hata mtoto mchanga anaweza kukirithi.

Bukavu, iliyoitwa Costermansville kwa sehemu kubwa ya utawala wa Wabelgiji, ilikuwa mji wa walowezi. Comité National du Kivu, chombo kilichoundwa mwaka 1928, kilipewa madaraka makubwa juu ya ardhi ili kuwavuta Wazungu waje kulima kahawa, chai na mikwinini katika nyanda za juu zinazouzunguka mji. Wazungu walijenga kwenye rasi za Ibanda zinazoingia katika Ziwa Kivu. Waafrika wakapangwa Kadutu, na baadaye Bagira. Bidhaa zilizouzwa mjini zilisafiri mbali. Nyingi zilishushwa bandarini Dar es Salaam, zikabebwa kwa reli hadi Kigoma, zikavuka Ziwa Tanganyika hadi Kalundu karibu na Uvira, kisha zikapanda kwa malori kupitia bonde la Ruzizi. Njia kama hiyo hushikwa na watu wenye jamaa au mawakala katika kila kituo, na ndiyo maana biashara kubwa ilikuwa mikononi mwa Wabelgiji, Wagiriki na Wahindi. Mwafrika alikuwa karani, mpakuzi, au mwenye kibanda.

Mwafrika huyo hakuwa na haki kamili hata juu ya mahali alipoweka kibanda chake. Katika vituo vilivyoundwa chini ya amri ya mwaka 1931, ambavyo Kifaransa cha serikali kiliviita centres extra-coutumiers, mkazi aliishi kwa ruhusa ya wakuu. Ni amri ya tarehe 10 Februari 1953 iliyowafungulia Wakongo mlango wa kumiliki ardhi mtu mmoja mmoja kwa njia ya sheria iliyoandikwa. Mambo ya mirathi yao yalibaki chini ya mila. Sheria ya kampuni za dhima yenye ukomo, ile SPRL ambayo ingeweza kuitenga mali ya duka na mali ya mwenye duka, ilitolewa tarehe 23 Juni 1960, siku saba kabla ya uhuru! Hivyo kizazi cha kwanza cha wafanyabiashara Wakongo wa Bukavu kiliingia katika uhuru kikiwa kimepata haki ya kiwanja kwa miaka saba, na haki ya kampuni kwa juma moja.

Jambo hili lilikutana na mawazo yaliyokuwapo tangu zamani. Wakazi wengi wa mji ni Bashi, na katika Bushi ardhi ilipatikana kwa mikataba iliyotofautiana sana kwa uzito. Mkubwa wao ulikuwa kalinzi: mtu alimpa chifu ng'ombe, naye akapata juu ya ardhi haki ya kudumu ambayo watoto wake waliirithi. Aliyeshindwa kutoa kitu kama hicho aliomba ardhi kwa bwasa, akalima kwa muda mfupi na kuondoka. Tofauti baina ya mtu wa kalinzi na mtu wa bwasa haikuwa ya mali tu. Ilikuwa tofauti baina ya aliye na ukoo wenye mahali na asiye na mahali. Si ajabu basi kwamba mzee aliyeshuka kutoka Kabare au Ngweshe akafanikiwa mjini alitaka kwanza parseli. Lakini ingekuwa kosa kuishia kwenye mila. Mila ya namna hiyo ingaliweza kulegea mjini, kama ilivyolegea katika mambo mengine mengi, laiti duka lingethibitika kuwa kitu kinachodumu.

Halikuthibitika. Agosti 1967 mamluki wakiongozwa na Mbelgiji Jean Schramme waliuteka mji na kuushikilia hadi mwanzoni mwa Novemba, walipovuka mto kukimbilia Rwanda. Mji ulivunjwavunjwa na kuporwa. Wale walioujenga upya walifanya hivyo kwa miaka sita tu kabla ya mwaka 1973, mwaka ambao kwa habari ya urithi una uzito kuliko mwingine wowote katika historia ya Kongo huru.

Mwaka huo ulileta mambo mawili ambayo kwa kawaida husimuliwa mbalimbali. La kwanza ni sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973. Sheria hiyo ilitangaza kwamba ardhi yote ni mali ya Taifa isiyouzika, kisha ikaweka aina mbili za haki za kuitumia. Mtu mwenye uraia wa nchi aliweza kupewa haki ya daima, ambayo hupita kwa warithi wake bila kikomo. Mgeni, na kadhalika kampuni, hata kampuni ya wenyeji watupu, walipewa haki ya muda tu, inayohesabiwa kwa miaka na kuombwa upya. Shabaha ya sheria ilikuwa kuwabana wageni na makampuni yao makubwa. Matokeo yake kwa mwenye duka wa Kadutu yalikuwa mengine. Sheria ilimwambia kwamba akiiandika ardhi kwa jina lake mwenyewe, itakuwa ya wajukuu zake. Akiiandika kwa jina la kampuni yake, itakuwa na tarehe ya kwisha. Ni nani angechagua kampuni?

La pili ni hotuba ya Rais Mobutu ya tarehe 30 Novemba 1973, iliyoanzisha uzairishaji. Maduka, mashamba makubwa, viwanda vidogo, malori na majengo ya wageni yaliamriwa yapite mikononi mwa raia. Waliopewa mali hizo, ambao lugha ya serikali iliwaita acquéreurs, walitakiwa kuwalipa fidia wenyewe wa zamani katika muda wa miaka 10. Wengi wao walikuwa wakuu wa chama cha MPR, makamishna, maafisa na jamaa zao. Yaliyofuata yanajulikana: shehena iliuzwa, fedha zikatumiwa, rafu hazikujazwa tena. Wauza jumla wa nje walikataa kukopesha watu wasiowajua. Desemba 1974 serikali ikatangaza hatua kali zaidi ya kuzichukua kampuni kubwa yenyewe. Novemba 1975 ikaanza kurudi nyuma, na Septemba 1976 ikaruhusu wenyewe wa zamani warudishiwe hadi asilimia 60 ya mali zao. Baadhi yao hawakurudi.

Uzairishaji kwa kawaida huhukumiwa kama kosa la uchumi au kama wizi wa tabaka la watawala, na hukumu hizo ni za haki. Kwa somo la makala haya una sura nyingine. Ulikuwa ukabidhi wa biashara nyingi kwa siku chache, bila hata saa moja ya kukaa pamoja nyuma ya meza. Mtoto wa mfanyabiashara wa Kihindi au wa Kigiriki aliyekuwa akifundishwa kumrithi baba yake alikatwa njiani; naye Mzairwa aliyepewa duka alipewa kuta, mizani na magunia, asipewe imani ya wadai. Si kwamba alikuwa mvivu kuliko yule mtoto. Alipewa kile kipande cha biashara ambacho huisha. Wale karani na wapakuzi Waafrika waliokuwa wamefanya kazi humo miaka 10 au 20, ambao ndio walioijua biashara, mara nyingi hawakufikiriwa katika ugawaji. Hapo ndipo, kwa maoni ya makala haya, ilipotea nafasi ambayo Bukavu haikuipata tena.

Mzazi mwenye akili aliyeyatazama mambo ya mwaka ule alijifunza. Duka linaweza kuhamishwa kwa hotuba. Parseli yenye hati kwa jina la raia haikuguswa. Hata fedha taslimu hazikuwa salama, kwani Desemba 1979 noti za zaire 5 na 10 zilifutwa ghafla na akiba za wafanyabiashara zikapungua kwa kiasi kikubwa. Faida ya duka ikawa ni ya kujengea nyumba, na nyumba ikawa ndiyo urithi. Janet MacGaffey, katika kitabu chake cha mwaka 1987 kuhusu Kisangani, alionyesha kwamba baada ya uzairishaji kulizuka wafanyabiashara wa kweli, wasiotegemea vyeo, hasa miongoni mwa Wanande kutoka kaskazini mwa Kivu. Ushahidi huo ni muhimu kwa sababu unakanusha hoja kwamba Wakongo hawajui kukuza biashara. Lakini kukuza biashara ni jambo moja na kuikabidhi ni jambo jingine.

Ilipofika tarehe 1 Agosti 1987, sheria ya mirathi ya nchi nzima ilipatikana kwa mara ya kwanza katika Sheria ya Familia. Watunzi wake walikuwa na kusudi la heshima. Walitaka kumzuia mjomba au kaka wa marehemu asiwafukuze mjane na yatima. Kwa ajili hiyo waliwaweka watoto mbele ya ukoo, wakawapa robo tatu ya mali, kwa mafungu yaliyo sawa, bila kutofautisha mwana na binti, wala mtoto wa ndoa na yule wa nje aliyetambuliwa na baba yake. Robo inayobaki iligawanywa kwa makundi matatu: mwenzi aliyebaki, wazazi wa marehemu, na ndugu zake, kila kundi sehemu moja ya kumi na mbili pale makundi yote matatu yapo. Wosia hauruhusiwi kuimega ile robo tatu ya watoto.

Hesabu yenyewe inastahili kufanywa. Tuseme mwenye duka amefariki, na baada ya kuondolewa kile kilicho cha mjane kwa mujibu wa masharti ya ndoa, ameacha mafungu 12 ya mali, mjane, mama mzazi, ndugu wawili na watoto sita. Watoto wanapata mafungu tisa, yaani kila mmoja fungu moja na nusu, ambalo ni sehemu moja ya nane ya urithi wote. Mtoto wa tatu, ambaye amefungua na kufunga duka hilo kwa miaka 15, anapata sehemu moja ya nane. Dada yake aliyeolewa Uvira anapata kama hiyo, na mdogo wake anayesoma Kinshasa vilevile. Hakuna anayeonewa. Lakini ili duka libaki zima, yule wa tatu anapaswa kuzinunua sehemu saba za nane kutoka kwa wenzake, tena kwa fedha ambazo hazipo, kwa maana zimo ndani ya duka lenyewe. Zaidi ya hayo, msimamizi wa mirathi isiyo na wosia ni yule mrithi mwenye umri mkubwa kuliko wote, ila akikataa au asipoweza. Sheria haikuuliza kama anajua bei ya sukari.

Itakuwa si haki kusema kwamba watunzi walilisahau duka. Walilitaja. Mjane alipewa haki ya kukaa katika nyumba ya ndoa na kutumia vyombo vyake, na pia nusu ya mapato ya ardhi iliyoshikamana na nyumba hiyo pamoja na biashara iendeshwayo hapo, nusu nyingine ikiwa ya watoto. Tazama hata hivyo mahali biashara ilipowekwa: imetajwa kama kitu kinachofuata nyumba, mfano wa mti ulioota uani. Ndiyo picha halisi ya Bukavu, ambako chumba cha mbele kinauza na vyumba vya nyuma vinalala watu. Nyumba inapopangishwa au kuuzwa ili warithi wagawane, duka huondoka nayo bila mtu kuamua kwamba liondoke.

Hali ya wanawake inahitaji kutazamwa peke yake, kwa kuwa sehemu kubwa ya biashara ya sokoni Kadutu na ile ya kuvuka Ruzizi kwenda Rwanda imo mikononi mwao. Sheria hiyohiyo ya 1987 ilimtaka mke apate idhini ya mumewe kwa matendo ya kisheria yanayomfunga yeye mwenyewe. Kwa karibu miaka 30 basi, mama aliyeuza vitenge au samaki kavu kwa mtaji wake hakuweza kusimama peke yake mbele ya benki au mwandishi wa hati. Masharti hayo yaliondolewa na sheria ya tarehe 15 Julai 2016. Katika muda huo biashara ya mama ilibaki nje ya maandishi: mtaji wa likelemba, madeni ya mdomo, mahali sokoni palipojulikana kuwa pake. Jambo la kustaajabisha ni kwamba biashara ya namna hiyo, isiyo na hati ya kugombewa, inaweza kukabidhiwa vizuri kuliko duka la baba. Binti hukaa sokoni na mama yake tangu utotoni. Wadai humjua kwa jina. Mama akichoka, binti huwa tayari yumo kazini, na hakuna ndugu wa kuja kugawana kitu ambacho hakikuandikwa popote. Bushi yenyewe ilikuwa na mfano wa mama anayeshika kwa niaba ya mtoto: zaidi ya mara moja, katika uchifu wake, Mwamikazi ameshika utawala hadi mwanawe akue. Pamoja na hayo, biashara isiyoandikwa haiwezi kukua kupita mikono ya watu wawili, na hiyo ndiyo bei yake.

Pwani inatoa mfano wa kulinganisha. Nyumba ya biashara ya Karimjee Jivanjee, iliyoanzia Unguja mwanzoni mwa karne ya 19, ilipita vizazi vingi na kuvuka hadi karne ya 21. Haikukosa misukosuko; katika karne ya 19 ndugu waligawana mali na kila mmoja akashika njia yake, na baada ya Azimio la Arusha la 1967 Tanzania nayo ilitaifisha mashamba na, mwaka 1971, majengo. Tofauti haikuwa katika upole wa serikali. Nyumba hiyo ilikuwa na matawi na shughuli za namna nyingi katika miji mbalimbali, hivyo pigo la mahali pamoja halikuimaliza, na vijana wa ukoo walikuwa na ofisi za kujifunzia kazi hata mali fulani ilipokwenda. Mfanyabiashara wa Bukavu wa kizazi cha 1960 alikuwa na mji mmoja.

Iko njia nyingine ya makabidhiano ambayo Bukavu imeishuhudia, ingawa si ya ukoo. Pharmakina, kampuni ya kwinini iliyokuwa mali ya Boehringer Mannheim ya Ujerumani, ilichukuliwa mwaka 1999 na mameneja wake wawili, baada ya Boehringer kununuliwa na Roche. Vita vilikuwa vikiendelea, na hakukuwa na mnunuzi mwingine aliye tayari kuja. Waliochukua walikuwa watu walioijua kazi kutoka ndani. Ni kinyume kabisa cha mwaka 1973.

Kwa upande wa sheria, mabadiliko makubwa yaliletwa na kujiunga kwa Kongo na OHADA, ambako kulianza kutumika tarehe 12 Septemba 2012. Chini ya kanuni zake mtu anaweza kuanzisha kampuni ya dhima yenye ukomo akiwa peke yake, na kampuni hiyo haivunjiki kwa kifo cha mwenye hisa, isipokuwa katiba yake iseme hivyo. Warithi hugawana hisa, si magunia. Yule mtoto wa tatu angeweza kuendelea kuendesha duka huku wenzake wakipata gawio lao. Hili ni jambo kubwa, nalo halijafundishwa vya kutosha. Lakini ardhi ingali chini ya sheria ya 1973, pamoja na marekebisho yake ya 1980, na haki ya daima ingali ya mtu mwenye mwili, wala si ya kampuni. Mzazi anayesikiliza mawakili wawili bado anapata majibu mawili: mmoja atamwambia aandike kampuni, mwingine atamwambia aiweke parseli nje yake. Wengi wenye busara hufanya yote mawili, na hapo duka huwa mpangaji katika nyumba ya warithi wa mwenye duka.

Hati zote hizo huhitaji mji wenye utulivu. Bukavu iliangukia mikononi mwa AFDL mwishoni mwa Oktoba 1996, ikawa chini ya RCD tangu Agosti 1998, ikatekwa na kuporwa tena mapema Juni 2004 na askari wa Laurent Nkunda na Jules Mutebutsi. Katikati ya Februari 2025 wapiganaji wa M23 waliingia mjini, na benki zikafunga milango. Mrithi aliyefiwa katika miezi hiyo alikuwa na wajibu uleule wa Sheria ya Familia: kuorodhesha mali, kulipa madeni ya marehemu, kukusanya aliyokuwa akidai, kisha kugawa. Akaunti ya marehemu haikufikika. Wadeni wengine walikuwa wamekimbilia Burundi. Kilichokuwa mbele ya macho yake, kinachohesabika na kugawika bila kumngoja mtu, kilikuwa ile nyumba na vyumba vyake.